Waliomjua Bwana Kipyenga

Mtaa wa Kota, Katubuka,
Kigoma.
14 Februari 2022

Mpwa wangu Diana,

Mwakeye, kwa salamu ya Kiha chetu. Sisi huku tu wazima, isipokuwa goti la mkaza mjomba wako Winfrida, ambalo limekataa dawa ya hospitali na ya kienyeji na sasa linasubiri ya tatu ambayo haijavumbuliwa. Samaki wa migebuka wameadimika Katonga wiki mbili hizi. Tunakula dagaa na kunyamaza. Binamu yako Adolf amehamishiwa Kasulu. Amekwenda na mke, watoto na redio yangu.

Najua utauliza kwa nini sipigi simu. Simu ninayo. Lakini maneno ya simu yanapita tu, na mtu akiyakana huna pa kumshikia. Nimempa kondakta wa basi barua hii, utaikuta ofisini kwao.

Jambo lenyewe ni hili. Nguzo za chuma za majina ya barabara zimefika. Barabara yetu ya pembeni ya reli haikuwahi kuwa na jina, tulikuwa tunasema tu "kule kota". Mwenyekiti wa mtaa, Bonifasi, ameunda Kamati ya Historia ili ijulikane nani alifika hapa kwanza, naye ndiye barabara ichukue jina lake. Mimi ni katibu. Nilichaguliwa kwa kura zote baada ya kueleza kwamba asiyenichagua hana habari na historia. Nataka iitwe Barabara ya Eliakimu, babu yako, baba yangu mzazi, aliyejenga hapa wa kwanza alipokuja kufanya kazi kwenye genge la reli, wakati huo pote ni majani na nyoka. Wewe uko gazetini. Andika, hata mistari kumi. Bonifasi ameshasema kwamba kilichochapwa hakibishaniwi.

Kamati hiyohiyo inaandika orodha ya wenyeji. Niyokwizera, yule fundi cherehani anayeshona sare za shule, mjukuu wa marehemu Bibi Révérienne, alikuja kuniomba nimshuhudie. Anafuatilia kitambulisho cha taifa, na kila akitaja jina lake anaambiwa yeye ni Mrundi, alete barua ya mwenyekiti kwamba kwao ni hapa. Bonifasi haandiki barua mpaka kamati imkubali kwenye orodha. Nimemwambia asubiri. Historia haiendeshwi kwa pupa.

La mwisho. Ni nani hapo gazetini kwenu anayeandika ile safu ya Barua za Bwana Kipyenga? Gazeti lenu huku silioni kwa mtu mwingine, linanifikia mimi peke yangu na wiki imeshapita, kwa hiyo nacheka peke yangu. Huyo mzee mstaafu wa reli, anayepuliza filimbi kabla ya kusema neno kikaoni na kujisifu kama yeye ndiye aliyeleta ziwa, ni jirani yetu Pastory mtupu. Hiyo filimbi ilinibabaisha kidogo, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa gadi wa treni na filimbi ya mtaa huu ni yangu. Lakini Pastory aliwahi kuiazima siku moja msibani, nadhani mwandishi alimwona siku hiyo. Nilimsomea Winfrida. Hakucheka. Aliniuliza kama nataka chai nyingine.

Wako katika historia,
Mjomba Leodgar


Tabata, Dar es Salaam.
5 Machi 2022

Mjomba Leodgar,

Shikamoo. Barua imefika ikinukia mawese, sijui kondakta aliisafirisha na nini, ila nilifurahi mpaka nikainusa mara mbili. Sisi hatujambo. Mjukuu wako Esther ameng'oka meno mawili ya mbele na amekataa katakata kuja Kigoma kabla hayajaota, anasema wewe utamcheka. Nimemwambia Mjomba hachekagi watu. Ameniuliza, "Una uhakika?"

Pole na goti la mkaza mjomba. Mwambie nimempata mtu wa kumletea yale mafuta ya kuchulia.

Mwandishi wa Kipyenga ni mtu wa hapahapa ofisini. Hapendi kujulikana. Tumwache.

Habari ya Babu nitaiandika, ila mhariri wangu anataka mwaka na mtu wa kuthibitisha. Na mimi nina swali langu. Mama, Mungu amrehemu, aliwahi kuniambia kwamba Babu Eliakimu alipofika pale kota alikuta moshi unafuka. Nikamuuliza, moshi wa nani? Akasema, "Muulize kaka yangu." Basi nakuuliza, Mjomba. Alikuta moshi wa nani?

Na Niyokwizera mshuhudie, tafadhali. Nimesoma naye Katubuka tangu la kwanza. Mwezi uliopita alinipigia kutoka kizuizi cha uhamiaji, njia ya Kasulu. Waliona jina kwenye kadi ya kanisa wakamteremsha kwenye basi, akakaa pale na kitambaa cha sare za watu mpaka jioni. Hakulia kwenye simu. Alinieleza tu kama mtu anayeeleza mvua ilivyonyesha. Wewe ukisimama ukasema neno moja, hakuna mtu mtaani atakayebisha.

Mpwa wako,
Diana


Mtaa wa Kota.
29 Machi 2022

Mpwa wangu,

Tunamshukuru Mungu. Mafuta ya kuchulia yamefika, goti limeyakubali kwa siku tatu kisha limebadili msimamo.

Umeomba mwaka. Andika 1946. Babu yako aliteremka kutoka Heru kwa miguu akiwa na panga na godoro la majani. Akafyeka. Akajenga. Usiku wa kwanza aliua nyoka wawili, wa pili akaua watatu, na wa tatu nyoka wakahama wenyewe wakaenda Kasingirima. Mtu wa kuthibitisha ni mimi.

Kuhusu moshi, zamani moshi ulikuwa mwingi. Treni zilikuwa za mvuke.

Kamati imekutana mara nne. Kikao cha kwanza tulijadili ajenda, cha pili tukajadili nani akae kwenye kiti chenye mkono, cha tatu Pastory akadai baba yake ndiye wa kwanza kwa sababu alikuwa mpagazi wa stesheni na stesheni ilikuwapo kabla ya nyumba. Nikamwambia mpagazi hafiki kwanza, anafika nyuma ya mzigo. Cha nne kilivunjika.

Sasa kuna jambo linanitatiza. Kwenye gazeti la Jumapili ya wiki ya juzi, Kipyenga anasema, "Asiyenichagua hana habari na historia." Maneno hayo ni yangu. Niliyasema kikaoni, na mbali ya kikaoni nimeyaandika mahali pamoja tu, kwenye barua niliyokuletea wewe. Nimelifikiria siku mbili. Nimeridhika kwamba Pastory ana mtu wake hapo Dar anayempelekea habari. Mchunguze huyo mwandishi.

Niyokwizera alikuja tena. Alikuwa amenishonea kola ya koti langu la gadi bila kuombwa. Nimemwambia orodha inafungwa mwisho wa Mei, kuna muda.

Mjomba wako,
Leodgar


Mtaa wa Kota.
16 Mei 2022

Diana,

Barua yangu ya Machi hukuijibu. Nimeuliza ofisi ya basi wakasema uliichukua mwenyewe tarehe nne Aprili na ukatia sahihi. Basi, labda kazi ni nyingi.

Winfrida anasalimia. Mvua zimekatika.

Nakuandikia jambo ambalo lingekuwa la kuchekesha kama lingetokea Ujiji. Jumamosi tulikuwa na mkutano wa mtaa, kamati mbele, watu kwenye mabenchi ya kanisa. Bonifasi akasimama na kipande cha gazeti chenye mafuta, bila shaka kutoka magazeti yangu ya zamani, ambacho asubuhi alikuwa amefungiwa maandazi. Juu kimechanika, jina la safu na katuni vimebaki kwa muuza maandazi. Lakini yaliyobaki yanasomeka vizuri. "Mimi Kipyenga ndiye niliyefika kota kwanza. Reli ilinikuta nimekaa, ikaniomba njia." Akasoma mpaka mwisho, akakikunja, akasema, "Wazee, historia imepatikana gazetini. Nani kati yenu alimjua marehemu Kipyenga?"

Hapo ndipo mimi nilitakiwa kusimama niseme kwamba Kipyenga ni mtu wa karatasi. Lakini orodha ya wenyeji ilikuwa mezani na kila mzee alikuwa anaitazama. Asiyemjua mwanzilishi atakuwaje mwenyeji? Pastory akakohoa.

"Kipyenga yule mrefu?"

"Mrefu kiasi," akasema Mzee Nehemia, muuza mawese. "Ila alikuwa anatembea ameinama."

"Ndiye huyohuyo. Jembe la kwanza la marehemu baba alimpa yeye," akasema Pastory.

Nehemia akasema yeye alimzika, na siku hiyo mvua ilinyesha. Mwingine akasema alimzika pia na mvua haikunyesha. Nusura washikane mashati juu ya mvua ya mazishi ya mtu ambaye hakuzaliwa. Na mimi, mpwa wangu, katibu wa historia, zamu yangu ilipofika nilipuliza filimbi nikasema Kipyenga alikuwa anakuja kwetu kunywa uji, na baba alikuwa anamheshimu sana.

Niyokwizera alikuwa amesimama mlangoni, futi ya kupimia shingoni. Bonifasi akamgeukia. "Na wewe Niyo, bibi yako hakukuhadithia habari za Kipyenga?"

"Hapana, mwenyekiti. Bibi alinitajia watu wote wa hapa, hata waliokufa mimi sijazaliwa. Huyo hakumtaja. Mimi simjui."

Watu walicheka. Bonifasi akasema, "Mnaona wenyewe. Angekuwa wa hapa angemjua." Akaniambia nikate jina lake kwenye orodha. Kalamu ilikuwa mkononi mwangu mimi.

Nilikata.

Alipokuwa anatoka alipita mbele yangu akasema, "Shikamoo mzee," kama siku zote. Sijui kwa nini nakueleza hilo. Nguzo imesimamishwa jana. Barabara ya Kipyenga, herufi nyeupe.

Leodgar


Tabata, Dar es Salaam.
30 Mei 2022

Mjomba wangu,

Shikamoo. Sisi wazima, Esther ana jino moja jipya. Leo nafupisha salamu, utanisamehe, maana nikirefusha nitapata pa kukimbilia.

Kipyenga ninamwandika mimi. Na Kipyenga ni wewe, Mjomba. Filimbi ni yako, majigambo ni yako, hata ile habari ya nyoka kuhamia Kasingirima nilikuwa nimeiandaa itoke mwezi ujao. Nilianza kwa mapenzi. Nilikuwa mpya hapa, nimekumbuka nyumbani, nikiandika sauti yako nilikuwa kama nimekaa na nyie barazani. Halafu wasomaji wakacheka, mhariri akataka zaidi, na mimi nikaanza kuzipekua barua zako kama mtu anayechambua mchele, nikitafuta za kuchekesha. Barua ya Machi sikuijibu kwa sababu nilikuwa nimeona umebakiza hatua moja kunigundua, nikaogopa. Ile ya kuwa mwanzilishi niliiandika baada ya kuisoma. Nilikuwa nakucheka kwa sababu ulinikwepa kuhusu moshi. Sikujua maandazi yataifikisha mpaka kwa Bonifasi. Nisamehe.

Gazeti litachapa kwamba Kipyenga ni wa kubuni, nimeshaomba. Lakini tuambizane ukweli, nani huko atalisoma? Na Niyo hahitaji gazeti. Anahitaji mtu mmoja mzima, mwenye umri, aliyekuwapo. Mimi nilimtunga mzee wa uongo, wewe ukamnywesha uji. Wote wawili tumemkata jina yule dada.

Sikuulizi tena kuhusu moshi kwa ajili ya gazeti. Naapa sitaliandika popote. Nauliza kwa ajili yake.

Diana


Mtaa wa Kota.
18 Julai 2022

Mpwa wangu Diana,

Tu wazima. Winfrida anatembea mpaka kwa jirani na kurudi, anasema goti limechoka kusumbua. Migebuka imerudi.

Nimekaa na barua yako wiki sita. Wiki ya kwanza nilikasirika. Niliapa sitakuandikia tena na nikamweleza Winfrida uovu wako wote, akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema yeye alijua tangu Februari, na kwamba mtu pekee mtaani ambaye hangemtambua Kipyenga ni Kipyenga. Niliumia, Diana. Nakwambia waziwazi. Mtu akizeeka anadhani watoto wa dada yake wanamsikiliza, kumbe wanamwandika. Nilizisoma zote tena, kuanzia ya kwanza, nikijua sasa ni mimi. Baadhi zilinichekesha bado. Hilo ndilo lililoniudhi zaidi.

Sasa moshi. Ulikuwa wa Révérienne.

Alivuka kutoka Urundi na mumewe, Barutwanayo, aliyekuwa akitandika mataruma ya reli, na alikuwa anawapikia genge zima. Baba hakuja na panga. Alikuja na homa, amebebwa. Yule mama alimlaza karibu na jiko lake miezi minane, akamlisha uji wa ulezi, kisha akamwambia amlete na mke wake. Mimi nilizaliwa kitandani kwake, na kitovu alinikata yeye. Nyumba ya baba ilijengwa baadaye, mimi nimeshaanza kutambaa. Mama alinieleza mara nyingi, na kila akieleza baba alikuwa akitoka nje. Nilipoanza kazi ya reli wenzangu walijua, wakanitania kwamba mimi ni Mrundi niliyeanguka kutoka behewani. Utani tu, na mimi mwenyewe nilikuwa natania watu. Lakini uliniingia. Nikaanza kusema baba alikuwa wa kwanza. Nimelisema miaka hamsini, mpaka nusu yangu ikaliamini. Hata Marcelina, mama yako, alikuwa anajua, akanihifadhia.

Mwezi uliopita tumepata mtendaji mpya wa kata, anaitwa Catherine, binti wa rika lako, mpole, anaandika kila kitu. Alisoma kumbukumbu zetu, akaja kwenye mkutano akasema, "Wazee, ushahidi wenu ni mzuri mno. Basi kila aliyemjua marehemu Kipyenga aandike kwa mkono wake alimwona wapi, atie sahihi na dole gumba. Wa kusema kweli hana cha kuogopa."

Laiti ungekuwapo na kalamu yako. Pastory alikuwa amesahau miwani nyumbani, miwani ikiwa usoni. Nehemia akakumbuka ameacha mawese jikoni. Yule wa mvua isiyonyesha akasema sasa anavyofikiri vizuri, huenda alimchanganya Kipyenga na mtu mmoja wa Tabora. Bonifasi akasema yeye mwenyekiti hatii sahihi, anagonga muhuri tu, na muhuri hauna wino.

Nikasimama. Sikupuliza filimbi. Nikamwambia binti mimi nitaandika, ila si habari za Kipyenga. Niliandika kurasa mbili. Nikaandika nilizaliwa nyumbani kwa nani na nani alinikata kitovu, nikaandika kwamba nilimkata jina mjukuu wake huku nikijua. Nikatia sahihi na dole gumba. Catherine akaomba nisome kwa sauti. Sikutegemea hilo, lakini nilisoma.

Bonifasi akaniuliza, "Mzee Leodgar, kwa hiyo baba yako hakuwa wa kwanza?"

"Alikuwa wa pili," nikasema. "Alikaribishwa."

Nehemia, ambaye mawese yake yalikuwa yameungua vya kutosha kumruhusu arudi, akasema kwa sauti ya chini kwamba hata yeye mama yake alikuwa anamtaja Révérienne. Halafu wengine wawili. Wenyeji wetu ni hodari wa kukumbuka, wanachosubiri ni mtu wa kuanza. Wote walitia sahihi. Barua ya Niyokwizera imeandikwa, wino ukapatikana, na maombi ya kitambulisho yamepokelewa wiki iliyopita. Tunasubiri, na safari hii tunasubiri pamoja.

Nilikwenda kwake siku ile. Nilitaka kuomba radhi kwa hotuba, niliyoiandaa njiani. Alikuwa anashona. Nikasema, "Nilikukata jina." Akasimamisha cherehani, akasema, "Najua, mzee. Nilikuwa nimesimama mlangoni." Kisha akanivutia kiti. Nikalia, Diana, mtu mzima, mbele ya sare za darasa la tatu.

Jina la barabara halibadiliki. Catherine amejaribu, ameambiwa limeshaingia kwenye mfumo. Mtu anaweza kutoka duniani, lakini kutoka kwenye mfumo ni shida. Basi Ujiji wana mnara wa mzungu aliyetafutwa akapatikana, na sisi tuna nguzo ya mtu ambaye hata akitafutwa hapatikani. Safu yako usiifunge kwa ajili yangu. Ila barua zangu ukitaka kuzichukua, omba kwanza, kama watu wanavyoomba chumvi.

Juzi wamekuja vijana wa kubandika namba za nyumba. Walisimama kwenye nguzo wakauliza barabara inaanzia upande upi, majirani wakanitazama mimi, katibu. Nikawaonyesha kwa mkono. Kwa hiyo ukiniandikia, andika anwani kamili, Nyumba Namba 2, Barabara ya Kipyenga. Namba 1 ni kwa Niyokwizera.

Mjomba wako,
Leodgar